Msimdai jina: barua ya wazi kwa wakuu wa shule za bweni za Bukoba na Muleba

Kwa wakuu wa shule, walimu wa malezi, matroni na wajumbe wa bodi za shule za bweni za wasichana, Bukoba na Muleba, Kagera.

 

Likizo hii binti yangu, aliye kidato cha pili katika mojawapo ya shule zenu, alinijia uani nikiwa namenya ndizi za jioni. Alikuwa na simu ya kaka yake mkononi na macho yanamng'aa. "Mama, ni kweli huku kwetu kulikuwa na shule ya uchawi?" Alikuwa amesoma habari iliyoandikwa na watu wa mbali juu ya Kashasha: shule ya Tanganyika ambayo watoto wake walishikwa na kicheko wakacheka mwaka mzima bila kupumzika. Yeye anazipenda sana zile hadithi za kubuni zenye shule ambako watoto hufundishwa uchawi, na uchawi wenyewe hauna adabu: mtoto ananuia kuwasha mshumaa, mara dari lote limegeuka vyura. Kashasha aliiweka humo. Alifurahi kwamba Muleba nayo ina shule yake katika hadithi za dunia.

Niliweka kisu chini. Jioni ile nilimsimulia mambo mawili, moja la Kashasha na moja langu mwenyewe, ambalo sikuwahi kumwambia mtu yeyote nyumbani. Alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akaniambia kwamba muhula uliopita, bwenini kwao, wasichana wanne walianguka usiku wakipiga kelele, na kulipokucha aliletwa mtu wa kuwaombea mstarini, mbele ya shule nzima, wakaambiwa wataje jina la aliyewaroga.

Ndiyo maana nawaandikia. Mimi ni muuguzi, lakini leo sina dawa ya kuwapa. Nina ombi moja: msichana akianguka, msimdai jina.

Nianze na Kashasha, maana inasimuliwa vibaya hata na sisi tunaoishi hatua chache kutoka hapo. Tarehe 30 Januari 1962 ilikuwa siku ya 52 baada ya Uhuru, na siku ya nane tangu Mwalimu Nyerere aachie uwaziri mkuu. Katika shule ya kati ya wasichana ya misheni pale Kashasha, kama maili 25 kutoka Bukoba mjini, wasichana watatu walianza kucheka na hawakuweza kujizuia. Shule ilikuwa na wanafunzi 159. Hadi ilipofungwa tarehe 18 Machi, 95 kati yao walikuwa wameshikwa. Ikafunguliwa tena tarehe 21 Mei, wakashikwa wengine 57, na kabla Juni haijaisha milango ikafungwa kwa mara ya pili.

Madaktari wawili, A. M. Rankin na P. J. Philip, waliandika habari hiyo mwaka 1963 katika jarida la tiba. Nimeyasoma maandishi yao mara nyingi kuliko kitabu chochote cha kazi yangu. Hawasimulii furaha yoyote. Msichana alicheka, akalia, akacheka tena, kwa dakika chache au kwa saa kadhaa, akapumzika, kisha ikamrudia. Aliyejaribu kumshika alipigwa. Wengine walisema kuna vitu vinatembea kichwani, wengine kwamba kuna mtu anawakimbiza. Kwa wengi iliisha katika wiki moja hivi. Aliyekaa nayo muda mrefu zaidi alikaa siku 16. Hakuna aliyecheka mwaka mzima. Hakuna aliyekufa. Kilichodumu miezi mingi ni kusafiri kwa hali ile kutoka shule hadi kijiji, kutoka kijiji hadi shule.

Ilisafiri kwa miguu ya watoto waliorudishwa nyumbani. Siku kumi tu baada ya Kashasha kufungwa ilikuwa imefika Nshamba, ambako baadhi ya wasichana walikuwa na kwao, na katika Aprili na Mei watu 217 wa kijiji kile cha watu wapatao 10,000 waliugua, wengi wao vijana. Katikati ya Juni ikaingia shule ya kati ya wasichana ambayo madaktari waliiandika Ramashenye. Msomaji wa kwetu anajua hapo hapo kwamba ni Rwamishenye. Huko wasichana 48 kati ya 154 walishikwa, na shule ikafungwa. Kisha msichana mmoja wa shule hiyo akaugulia kwao Kanyangereko, na ndugu zake wa karibu wakamfuata. Shule mbili za wavulana nazo zikafunga milango. Watu waliuita enwara yokusheka, ugonjwa wa kucheka, na wengine wakasema akajanja, wazimu. Walikuwapo walioamini kwamba hewa imetiwa sumu na mabomu ya atomiki.

Madaktari walipima damu, wakapima maji ya uti wa mgongo, wakachunguza na chakula. Hawakuona kijidudu wala sumu. Wakasema huu ni ugonjwa wa hofu unaoambukizana, wakauita kwa jina la kitaalamu la histeria. Jina hilo silipendi, kwa kuwa wengi wakilisikia husikia "wanajifanya". Mwaka 2007 msomi mmoja, Christian Hempelmann, aliirudia habari yote akasisitiza jambo ambalo mama yeyote wa Nshamba angeweza kumwambia: kicheko kile hakikutokana na kitu cha kuchekesha. Ilikuwa dalili, kama homa.

Katika maandishi yale ya 1963 kuna mstari mmoja ambao huwa siwezi kuupita haraka. Walimu wa Kashasha walikuwa watano, Wazungu wawili na Waafrika watatu, na hakuna hata mmoja aliyeshikwa. Kule vijijini hakushikwa mwalimu, hakushikwa polisi, hakushikwa mzee wa kijiji. Walimu wangu, utazameni mstari huo. Wote walikuwa kwenye hewa ileile. Walioshikwa ni wale ambao, wakiwa na jambo la kusema, hawakuwa na mtu wa kumwambia.

Sasa la kwangu.

Mwaka 1996 nilikuwa kidato cha pili katika shule moja ya bweni ya mkoa huu. Sitaitaja, na waliokuwa na madaraka pale wakati huo wengi wamekwisha kutangulia. Tarehe 21 Mei meli ya MV Bukoba ilizama karibu na Mwanza. Watu zaidi ya 800 walipotea. Katika bweni letu hapakuwa na kitanda kisicho na msiba, kama si wa ndugu basi wa jirani. (Baadaye, nilipoona kwamba Kashasha nayo ilifunguliwa tarehe 21 Mei, nilikaa kimya kwa muda. Haina maana yoyote, ni tarehe tu, lakini nilikaa kimya.) Tulipewa siku mbili za kulia. Siku ya tatu tulitangaziwa mstarini kwamba machozi yatosha, mtihani wa taifa unakuja.

Wiki ya tatu, wakati wa prepo ya usiku, msichana aliyefiwa na mama yake kwenye meli ile alisimama akasema anasikia maji chini ya sakafu. Halafu akaanguka. Waliokimbilia kumshika wakaanguka wawili. Kesho yake walikuwa saba, na kila aliyeanguka alibebwa kupitia katikati ya bwalo tukimwona. Siku ya tatu nilianguka mimi.

Mara nyingi mnauliza kama watoto hawa wanaigiza, kwa hiyo nitaeleza ilivyokuwa. Ilianza kwenye vidole, ganzi, kama umelalia mkono. Kifua kikabana. Nilikuwa navuta pumzi haraka haraka na kila nilivyovuta ndivyo hewa ilivyopungua. Miguu ilianza kupiga sakafu na niliitazama kama miguu ya mtu mwingine. Nilikuwa nasikia kila neno. Nilisikia mwenzangu akisema "na yeye". Nilisikia viatu vya matroni. Nilitaka kunyamaza na sauti yangu haikunisikiliza. Leo kama muuguzi naweza kuwaambia kwamba kuvuta pumzi haraka namna ile huondoa hewa ya ukaa mwilini kupita kiasi, na ndiko kunakoleta ganzi, vidole kujikunja na kizunguzungu. Wakati ule nilijua jambo moja tu: kwamba nakufa.

Kwanza tulichapwa. Fimbo haikumwinua hata mmoja. Ndipo akaletwa mtu wa kutuombea. Nimesali maisha yangu yote na nitasali leo usiku. Siandiki neno lolote dhidi ya sala. Lakini yule bwana hakuja kusali. Tulipangwa mstarini mbele ya wanafunzi kama mia nne. Alinishika kichwa akanitikisa: "Taja! Nani amekutuma? Taja jina nikufungue!" Nilikuwa na miaka 15. Ile akili ndogo inayobaki macho hata mwili ukikutoroka iliniambia kwamba huyu hataniachia mpaka niseme. Nikasema. Nilimtaja mama aliyekuwa anatupikia uji.

Hakuwa amenifanyia lolote. Asubuhi ile alinipakulia mara mbili akaniambia ninywe, nimekonda. Sauti yake ndiyo iliyokuwa ya mwisho masikioni mwangu kabla ya kuitwa mstarini, na jina lake ndilo lililokuwa karibu na ulimi. Waliofuata wakalitaja hilohilo, kwa sababu lilikwisha kusemwa na lilionekana kumridhisha mwenye kuuliza.

Kabla ya saa sita alikuwa amefukuzwa. Nilimwona kwa dirisha la bweni akishuka ile barabara ya udongo mwekundu, mkeka na sufuria moja kichwani, vumbi la kiangazi likimfuata. Na sisi tuliendelea kuanguka. Naomba mlisome tena hilo: jina lilitajwa, mtu akafukuzwa, na tuliendelea kuanguka wiki mbili nzima, mpaka tulipotawanywa kurudi nyumbani kabla ya siku ya kufunga. Kilichotuponya ni kulala vitandani kwa mama zetu.

Nimekwisha kusikia majibu yenu, kwa sababu nimeyasikia vikaoni nilikokwenda kama mtu wa afya. Wa kwanza husema: huku Buhaya mambo haya yapo, usituletee Uzungu. Naomba nimjibu kama mjukuu wa hapa. Mama wa bibi yangu alikuwa embandwa. Wazee wenu wanajua maana yake: mtu anayeingiliwa na mmoja wa wakuu wa kale, Wamara mwenye nchi ya wafu, au Mugasha bwana wa ziwa na dhoruba, au Irungu wa pori na wawindaji. Embandwa hakuwa mtu wa kuangukiwa ovyo. Alipitishwa katika mafunzo, akapewa mlezi aliyeipita njia hiyo kabla yake, akafundishwa maneno ambayo wengine hawakuyajua, akawa na ndugu wapya waliomjua katika hali ile. Palikuwa na nyumba yake, wakati wake, ngoma ya kuita na namna ya kuaga. Kama binti yangu anatafuta shule ya uchawi ya Buhaya, ilikuwa hiyo, na somo lake kubwa lilikuwa kuwekea mipaka kitu kisichotabirika.

Tangu misheni ya Kashozi ilipofunguliwa mwaka 1892 shule ile ilianza kupungua, na mimi Mlutheri siombi irudishwe. Naomba muone kilichoondoka nayo. Aliondoka mlezi. Msichana wa leo anashikwa na kitu asichokielewa katikati ya bweni la watu themanini, na anayemjia kwanza ni mwenye fimbo au mwenye kelele. Anayeita hayo "mila zetu" hajui mila zetu. Bibi zetu wasingemwacha mtoto katika hali ile peke yake mbele ya umati.

Wa pili husema: ni ujinga, ni watoto wa vijijini. Basi tazameni kwingine. Mwaka 2011 na 2012, wasichana wa sekondari katika mji mdogo wa Le Roy, jimbo la New York, walishikwa na mitetemo na sauti wasizoweza kuzizuia, na wazazi wao wakasaka sumu kwenye udongo na kwenye maji. Oktoba 2023, karibu wasichana 100 wa shule ya Eregi, Kakamega, jirani zetu wa ng'ambo ya ziwa, walishindwa kutembea sawasawa, miguu inatetemeka. Hofu ya pamoja haiulizi kabila wala ada ya shule. Inatafuta mahali penye vijana wengi, faragha kidogo, mkazo mwingi, na mlango wa ofisi usiogongeka.

Sheria nayo ipo. Sheria ya Uchawi, Sura ya 18, ilitungwa mwaka 1928 na Mwingereza na tumebaki nayo hadi leo, na kumtangazia mtu uchawi ni kosa ndani yake. Shule inayomsimamisha mtoto mstarini na kumlazimisha amtaje mchawi inamfundisha kutenda kosa la jinai mbele ya mashahidi mia nne.

Lakini sitegemei sheria iwabadilishe. Nategemea zaidi kumbukumbu yenu ya juzi. Machi 2023, katika Maruku na Kanyangereko (ndiyo, Kanyangereko ileile), watu wa nyumba moja na waliowauguza walianza kufa. Kwa siku kadhaa uliitwa ugonjwa usiojulikana, na minong'ono ya uchawi ilisikika sokoni na kwenye daladala. Tarehe 21 Machi ikatangazwa kwamba ni Marburg. Watu tisa waliugua, sita wakafa, na tarehe 2 Juni mlipuko ukatangazwa kwisha. Nilikuwa kazini siku zote hizo. Na sisi tulikuwa tunauliza majina! Kila mgonjwa alidaiwa majina: umekaa na nani, umekula na nani, nani alikuosha, nani alimzika ndugu yako. Tuliyachukua majina yale ili wenye nayo wapimwe joto asubuhi na jioni, wapelekewe chakula, walindwe. Jina lililotajwa liliwaongezea watu uangalizi. Lile nililolitaja mimi mwaka 1996 lilimwondolea mtu riziki. Hapo ndipo nilipoelewa kosa la mstarini lilikuwa wapi.

Mtaniuliza, basi tufanye nini usiku ule kelele zikianza? Nitasema ninavyofanya mimi nikiitwa.

Kwanza naondoa watazamaji. Hilo lina nguvu kuliko sindano yoyote niliyonayo. Hali hii hupita kwa macho na masikio, kwa hiyo msiwabebe waliozidiwa kupitia bwaloni, wala msiwakusanye wote ukumbini mkawafungia pamoja, maana kila mmoja atamwamsha mwenzake. Mtoto mmoja, chumba kimoja tulivu, mtu mzima mmoja anayemjua na asiyepaza sauti. Mwambieni avute pumzi polepole, atoe polepole zaidi, na mhesabu naye. Msimshike kwa nguvu. Ondoeni vitu vya kumuumiza, mkae karibu. Wengine wote wapelekwe mahali pengine na wapewe kazi ya mikono au wimbo, kitu cha kuwarudisha kwenye miili yao.

Mwiteni mtu wa afya, hata usiku. Malaria kali huleta kuweweseka, chakula kilichoharibika huangusha bweni zima, na kifafa kina matibabu yake. Msikimbilie kusema ni hofu kabla hajapimwa, kama msivyopaswa kukimbilia kusema ni pepo. Hospitali za Rubya na Ndolage haziko mbali na wengi wenu, na kata nyingi zina zahanati au kituo cha afya.

Asubuhi semeni na shule nzima kwa maneno mepesi. Semeni: wenzenu wameugua, ugonjwa huu upo, unaitwa hofu, unapona, hakuna aliyewaroga. Wasimulieni habari ya Kashasha kama ilivyokuwa. Mtoto anayejua kwamba wasichana 95 walishikwa mahali pasipo mbali na kitanda chake na wote wakapona, hofu yake hupungua. Anayetaka kwenda nyumbani kwa siku chache aende, na barua kwa mzazi iliyoandikwa kwa staha, isiyo na neno "mapepo" wala "utovu wa nidhamu". Akirudi alale kitanda chake kilekile. Msimhamishie bweni la pembeni. Nimeona shule iliyofanya hivyo, na watoto wakaliita bweni lile kuzimu.

Halafu, wakitulia, kaeni nao mmoja mmoja muwasikilize. Hapa nawaomba uvumilivu zaidi ya pote, maana mnaweza kusikia msiyopenda. Pengine ni msiba usioliliwa, kama wetu. Pengine ni moko iliyorudiwa mara tatu, au njaa: uji mwepesi, maharage yenye wadudu, na mtoto anaogopa kusema. Pengine ni mwalimu anayeita wasichana nyumbani kwake jioni. Nimekutana na hilo. Wasichana watatu walianguka kila Alhamisi, na ilichukua wiki sita mtu kuuliza Alhamisi kuna nini. Mwili ulisema kabla ya mdomo, na mahali ambapo mdomo unachapwa mwili utaendelea kusema.

Na kama mna mchungaji, padri au shehe wa shule, aje. Akae na mtoto, amshike mkono, amsomee taratibu, aondoke. Kipaza sauti na umati visimfuate.

Kwenu wajumbe wa bodi nina jambo dogo zaidi. Kila shule iwe na daftari la matukio haya: tarehe, bweni, nani alianza, nini kilitangulia, nini kilisaidia. Sisi wenyewe hatukuandika chochote. Tunachokijua cha 1962 tunakijua kwa kurasa chache za madaktari wawili, na wasichana wa Kashasha, ambao walio hai sasa ni bibi wa zaidi ya miaka sabini, sijui kama kuna aliyewahi kuwafuata na kalamu akawauliza wao waliona nini. Wapo kwenye vibanja vyetu. Wengine tunasali nao. Waitu, mwalimu wa historia mmoja tu awatume wanafunzi wake likizo moja, na binti zetu hawatahitaji kuokota Kashasha kwenye simu kama kisa cha vioja.

Nimebakiza jambo moja. Nilipopata mshahara wangu wa kwanza nilinunua kilo mbili za sukari na doti ya kitenge, nikaenda kijijini kwa yule mama. Nikaambiwa amekwisha kufa. Mwanawe alinikaribisha ndani, akaniwekea kahawa za kutafuna kama anavyowekewa mgeni yeyote, akaniuliza nilimfahamu mama yake wapi. Nikasema shuleni, alikuwa anatupikia. Akafurahi. Akasema mama yake hakupenda kuizungumzia shule ile, lakini wasichana wake aliwakumbuka. Nilitafuna kahawa, nikaaga, nikaondoka na neno langu kifuani.

Binti yangu anasema hiyo haikuwa toba. Tumekubaliana kwamba kabla shule hazijafunguliwa tutarudi kwa mwana wa yule mpishi, mimi na yeye, na safari hii nitamwambia ni nani aliyelitaja jina la mama yake. Muhula ukianza atakuja kwenu na tranka lake na godoro lake. Akianguka, nipigieni simu saa yoyote, nitakuja.

Wenu kwa heshima,
Mzazi na muuguzi,
Muleba, Kagera.